Mtoto Ana Nyama za Puani: Kusubiri, Dawa ya Kupuliza au Upasuaji?

Wazazi wengi wanaoambiwa kuwa mtoto ana nyama za puani hutoka hospitalini na picha ya eksirei mkononi na swali moja kichwani: akatwe au asikatwe? Naona swali hilo huulizwa mapema mno. Kabla ya kisu kuna njia nyingine mbili, na kila njia ina watoto inaowafaa. Kinachopaswa kuamua si ukubwa wa nyama kwenye picha wala wingi wa kamasi, bali namna mtoto anavyolala na namna anavyosikia. Ulinganisho huu ni kwa mzazi mwenzangu ambaye bado hajaamua, na hasa yule ambaye kila mtu ameshampa ushauri wake: muuza duka la dawa, jirani, shangazi na bibi.

Nyama hizi, ambazo madaktari huziita adenoidi, ni tezi za kinga zilizo nyuma kabisa ya pua, juu ya kaakaa laini. Mtoto hata akipanua mdomo namna gani, huwezi kuziona. Wenzake ni tonsesi, zile zinazoonekana pande mbili za koo. Kila mtoto anazo. Hukua kadiri anavyokutana na vijidudu, huwa kubwa zaidi kati ya miaka 3 na 7 hivi, kisha husinyaa, na mtoto akifika ujanani kwa kawaida huwa yamebaki mabaki tu. Shida ni kwamba hukua katika umri ambao njia yenyewe ya hewa bado ni nyembamba. Tena pembeni yake ndipo ilipo midomo ya mirija inayopeleka hewa masikioni, kwa hiyo pua na masikio huharibika pamoja. Wilhelm Meyer, daktari wa Copenhagen aliyeeleza ugonjwa huu mwaka 1868, alikuwa akiwatibu watu wenye pua zilizoziba na masikio mazito.

Kwanza mwangalie akilala

Mtoto kukoroma siku mbili tatu akiwa na mafua si jambo la kukupeleka kwa mpasuaji. Kinachohesabika ni kukoroma usiku mwingi wa wiki hata pale ambapo hana mafua. Zaidi ya hapo, angalia kama pumzi hukatika kwa sekunde kadhaa, kisha mtoto akashtuka kwa mkoromo mkubwa au kama mtu anayekabwa. Angalia kama kifua kinabonyea chini ya mbavu anapovuta hewa, kama analala shingo imepinda nyuma, kama shuka linalowa jasho, kama ameanza tena kujikojolea baada ya kuwa ameacha. Mchana utamwona mdomo wazi muda wote, na sauti yake ina uzito wa mtu mwenye mafua: anaita "mama" lakini kwako inafika karibu na "baba", kwa sababu herufi "m" inahitaji hewa ipite puani.

Mpige video kwa simu. Dakika mbili au tatu zinatosha, fulana ikiwa imepandishwa ili kifua kionekane, na chumba kikiwa kimya ili mkoromo usikike. Ichukue usiku wa manane kuelekea alfajiri, kuanzia kama saa tisa, kwa sababu kwa watoto pumzi hukatika zaidi katika usingizi wa ndoto, nao huwa mwingi sehemu hiyo ya usiku. Video ya saa tatu usiku, dakika kumi baada ya kulala, inaweza kumwonyesha mtoto mzima kabisa. Kipimo bora cha usingizi ni kile cha mtoto kulala hospitalini akiwa amefungwa mitambo ya kupima pumzi, oksijeni na mawimbi ya ubongo, lakini ni hospitali chache sana za Afrika Mashariki zilizo nacho. Kwa kawaida huku kwetu daktari huamua kwa maelezo yako, kwa kumpima mtoto, na wakati mwingine kwa kifaa cha kidoleni kinachorekodi oksijeni usiku kucha. Ndiyo maana video yako ina thamani kuliko unavyodhani.

Eksirei ya pembeni ya kichwa huonyesha kivuli cha nyama na upana wa njia ya hewa iliyobaki. Inasaidia, ila mtoto akilia, akimeza mate au akigeuza shingo, kivuli kinabadilika. Kamera nyembamba inayopitishwa puani huona vizuri zaidi, na daktari bingwa wa masikio, pua na koo huifanya kliniki kwa dakika chache bila kumlaza mtoto. Ukipata mahali penye kamera hiyo, chagua hapo. Hata hivyo, nyama kubwa kwa mtoto anayelala kimya, anayesikia na anayekua vizuri si sababu ya kumpeleka chumba cha upasuaji, picha iseme itakavyosema.

Masikio huwadanganya wazazi wengi zaidi ya pua. Maji yakijaa nyuma ya ngoma ya sikio mtoto hasikii maumivu, hana homa, hatoi usaha. Anaongeza sauti ya televisheni, anajibu "nini?" kila mara, na mwalimu analeta malalamiko kwamba ni mtundu au hasikilizi. Aliye na miaka 2 au 3 huchelewa tu kuongea. Mtoto wa namna hii apimwe usikivu kabla ya kuchapwa na kabla ya kuhamishwa shule.

Kuna pua mbili ambazo si za ulinganisho huu hata kidogo. Kamasi yenye harufu kali inayotoka tundu moja tu, kwa mtoto mdogo, karibu kila mara ni kitu alichokiingiza mwenyewe: ushanga, harage, kipande cha sponji. Na kijana wa kiume anayebalehe ambaye pua imeziba upande mmoja na inamtoka damu mara kwa mara anahitaji bingwa haraka, maana huo unaweza kuwa uvimbe wa mishipa ya damu, na asikubali mtu yeyote auguse kabla ya picha kamili.

Njia ipi inaponya nani

Tuanze na kusubiri, kwa sababu wengi hudhani ni kutofanya kitu. Mwaka 2013 yalichapishwa matokeo ya utafiti mkubwa wa Marekani uliohusisha watoto 464 wa miaka 5 hadi 9 wenye pumzi inayokatika usingizini, isiyo ya kiwango kikali. Nusu waliondolewa nyama za puani pamoja na tonsesi mapema, nusu wakasubiri chini ya uangalizi. Baada ya miezi 7, kipimo cha usingizi kilikuwa kimerudi kawaida kwa asilimia 79 ya waliopasuliwa. Kwa waliosubiri kilirudi kwa asilimia 46. Nazichukulia namba hizo kwa pande zote mbili. Upasuaji ulishinda waziwazi, na waliopasuliwa walikoroma kidogo, walitulia zaidi na waliishi vizuri zaidi kwa maelezo ya wazazi wao. Lakini karibu nusu ya waliosubiri walipona bila kisu, na katika majaribio ya umakini wa akili makundi hayo hayakutofautiana kwa kiasi cha kutegemewa. Kwa hiyo atakayekutisha kwamba mtoto asipokatwa mwezi huu atakuwa mjinga, anasema kisichothibitishwa. Na atakayekwambia upasuaji hauna faida, naye pia.

Dawa ya kupuliza puani inakaa katikati. Zinazotumika ni steroidi za puani kama mometasoni, flutikasoni na budesonidi, ambazo hupunguza uvimbe wa nyama na wa ngozi ya ndani ya pua. Zinamfaa hasa mtoto mwenye aleji: anayepiga chafya asubuhi, anayejisugua pua kwa kiganja, mwenye pumu au ukurutu. Kwa huyo mimi ningeanza hapa bila kusita, kwa wiki 6 hadi 12, kila siku bila kuruka. Puliza kichwa kikiwa kimeinama kidogo mbele, mdomo wa chupa ukielekea upande wa jicho na sikio la upande huo badala ya ukuta wa katikati ya pua. Ukielekeza katikati, utakachopata ni damu ya pua, kisha utaambiwa dawa haimfai.

Sasa jambo ambalo natamani lingebandikwa katika kila duka la dawa. Mwaka 2023 watafiti wa Australia walitoa matokeo ya watoto 276 wa miaka 3 hadi 12 wenye matatizo ya kukoroma. Kundi moja lilipuliziwa mometasoni, jingine maji ya chumvi peke yake, kwa wiki 6. Dalili ziliisha kwa asilimia 44 ya waliotumia dawa na asilimia 41 ya waliotumia maji ya chumvi. Tofauti hiyo haina maana yoyote ya kitabibu. Yaani kwa mtoto anayekoroma bila dalili za hatari, kusafisha pua kila siku kwa maji ya chumvi ni matibabu, nayo ni rahisi kuliko chochote kilicho kwenye rafu. Chupa za tayari zinauzwa. Za nyumbani hutengenezwa kwa nusu kijiko cha chai cha chumvi safi katika mililita 300 za maji yaliyochemshwa yakapoa, na hubadilishwa kila siku.

Upande mwingine, kuna mtoto ambaye upasuaji haumsaidii sana ingawa ndiye anayepelekwa mara nyingi: yule ambaye tatizo lake ni mafua ya kila mara, basi. Analala vizuri, anasikia vizuri, ila kila wiki ana kamasi. Utafiti wa Uholanzi wa mwaka 2011 uliwagawa watoto 111 wa mwaka 1 hadi 6 wa aina hiyo, wengine wakatolewa nyama, wengine wakaachwa chini ya uangalizi. Idadi ya mafua ilikuwa ileile, na kwa makundi yote mawili ilipungua watoto walipokua. Mtoto aliyeanza chekechea huugua mafua mara nyingi, huo ni mwaka wake wa kukutana na vijidudu vya wenzake. Kumkata kwa sababu hiyo pekee ni kumlipisha gharama ya kitu ambacho muda ungekifanya.

Kila njia na hatari zake

Kusubiri kuna hatari pale mzazi anaposubiri bila kuangalia. Mtoto ambaye pumzi inakatika sana kwa miezi na miaka hukua polepole, huamka amechoka, na akiachwa kabisa upande wa kulia wa moyo wake unaweza kuelemewa. Uso nao hubadilika kwa mtoto anayepumua kwa mdomo miaka yote ya kukua: kaakaa hupanda juu na kuwa jembamba, meno hubanana. Na masikio yaliyojaa maji katika umri wa kujifunza kuongea humnyima maneno. Kwa hiyo kusubiri kuwe na tarehe ya kurudi kliniki. Kwa maji ya masikioni kipindi cha kawaida cha kungoja ni miezi 3, kwa kuwa mara nyingi hukauka yenyewe, kisha usikivu unapimwa tena.

Hatari za steroidi ya kupuliza ni ndogo: pua kukauka, damu kidogo, na kwa matumizi ya muda mrefu daktari hufuatilia urefu wa mtoto. Neno steroidi huwatisha wazazi, lakini kiasi kinachoingia mwilini kwa mometasoni au flutikasoni ni kidogo sana ukilinganisha na vidonge au sindano. Angalia umri: zipo zinazoruhusiwa kuanzia miaka 2 na nyingine kuanzia 4 au 6. Madaktari wengine huongeza vidonge vya montelukasti. Hapo uliza maswali, kwa sababu mwaka 2020 mamlaka ya dawa ya Marekani iliweka onyo zito juu ya dawa hiyo kuhusu ndoto mbaya, mabadiliko ya tabia na mawazo ya kujidhuru.

Hatari za upasuaji ni chache lakini ni za aina nyingine. Mtoto hupewa nusu kaputi, nyama zinatolewa kupitia mdomoni bila kidonda chochote usoni, na kazi yenyewe mara nyingi haizidi nusu saa. Ikiwa ni nyama za puani pekee, kutokwa damu kwa kiasi cha kumrudisha chumba cha upasuaji ni nadra, chini ya mtoto 1 katika 100. Shingo hukakamaa siku chache na mdomo hunuka wiki moja hivi. Mara chache sana kaakaa hushindwa kuziba vizuri, sauti ikatokea puani na maji yakarudi kupitia pua. Hilo huwapata zaidi watoto wenye ufa uliojificha kwenye kaakaa, ambao dalili yake moja ni kimeo kilichogawanyika mara mbili. Mpasuaji makini huangalia kimeo kabla ya kukubali kazi.

Huku kwetu kuna jambo ambalo maandishi ya Ulaya hulitaja kwa nadra: selimundu, yaani sikoseli, ugonjwa wa damu wa kurithi. Tanzania ni miongoni mwa nchi zenye watoto wengi zaidi wanaozaliwa nayo, na watoto hawa mara nyingi huwa na nyama na tonsesi kubwa. Oksijeni inayoshuka usiku ni mbaya kwao kuliko kwa wengine, hivyo wanahitaji upasuaji mapema zaidi pengine, na papo hapo nusu kaputi kwao inahitaji maandalizi: maji ya mishipani, joto, oksijeni, wakati mwingine damu. Kama mtoto hajawahi kupimwa, omba apimwe kabla ya upasuaji. VVU pia hukuza tezi hizi, na mtaalamu akipendekeza kipimo asichukuliwe kuwa anaitukana familia.

Kuhusu hofu kwamba mtoto atabaki bila kinga: mwili una tezi nyingine nyingi za kazi hiyo, na watoto waliotolewa nyama huendelea kukua na kuchanjwa kama wenzao. Ni kweli kwamba mwaka 2018 watafiti waliofuatilia kumbukumbu za watoto milioni 1.2 hivi wa Denmark walikuta waliotolewa nyama au tonsesi utotoni waliugua zaidi maradhi ya njia ya hewa baadaye. Utafiti wa namna hiyo hauwezi kuthibitisha kama kisu ndicho kilicholeta ugonjwa, kwani hao ni watoto waliokuwa na pua na koo mbaya tangu mwanzo. Ila unanitosha kusema kwamba tezi hizi zisiondolewe ovyo.

Fedha, rufaa na safari

Maji ya chumvi karibu hayana gharama. Dawa ya kupuliza yenye mipulizo 120 humtosha kwa miezi 2 hivi mtoto anayepuliza mara moja kila tundu kwa siku, kwa hiyo ukilinganisha bei gawanya kwa miezi, usitazame bei ya chupa tu. Si kila chupa inalipwa na bima, na mara nyingi iliyo kwenye orodha ya bima inafanya kazi sawa na ile ya bei kubwa.

Upasuaji ndio unaohitaji hesabu ndefu. Uliza bei ya jumla: vipimo vya damu, mpasuaji, nusu kaputi, chumba, kitanda kama atalala, dawa za kwenda nazo nyumbani. Bei inayotajwa kwa simu mara nyingi ni ya mpasuaji peke yake. Hospitali kubwa za rufaa zenye mabingwa wa masikio, pua na koo zipo, kama Muhimbili, KCMC Moshi na Bugando Mwanza, au Kenyatta Nairobi na Moi Eldoret kwa walio Kenya, lakini foleni yake ni ndefu na bima hudai rufaa ianzie ngazi ya chini. Usiruke ngazi ukategemea kurudishiwa fedha baadaye. Kwa Kenya, ambako bima ya afya ya SHA ilichukua nafasi ya NHIF Oktoba 2024, hakikisha mtoto ameandikishwa chini yako kabla ya siku ya upasuaji.

Umbali nao ni sehemu ya uchaguzi. Familia inayotoka Kigoma au Lindi kwenda Dar es Salaam lazima ihesabu siku za kukaa kwa ndugu baada ya upasuaji, kwa sababu tonsesi zikitolewa pamoja, damu inaweza kutoka hadi karibu wiki mbili baadaye, mara nyingi kati ya siku ya 5 na ya 10. Kupanda basi la saa kumi na mbili siku ya pili ni hatari isiyo ya lazima. Nyama za puani peke yake zina nafuu hapo: watoto wengi hurudi nyumbani siku hiyohiyo na kurudi shule ndani ya wiki moja.

Ukishachagua upasuaji, bado unachagua

Swali kubwa ni kama tonsesi zitoke pia. Mtoto ambaye pumzi inakatika usingizini na tonsesi zake ni kubwa kwa kawaida hutolewa zote mbili, na huo ndio upasuaji uliotoa asilimia 79 niliyoitaja. Ambaye tonsesi zake ni ndogo, au shida yake ni masikio, mwachie tonsesi zake. Tofauti ya maumivu ni kubwa: siku mbili tatu za usumbufu kwa nyama za puani, dhidi ya wiki moja hadi mbili za koo linalouma kweli.

Kwa masikio yenye maji yasiyokauka baada ya miezi 3 na usikivu ukiwa umeshuka, huwekwa vibomba vidogo kwenye ngoma ya sikio, na nyama za puani zikitolewa wakati huohuo maji hayarudi kwa urahisi. Nusu kaputi ni moja, kazi mbili. Ikiwa mtoto anawekewa vibomba, muulize bingwa waziwazi kama nyama nazo zitolewe.

Halafu kuna kifaa. Njia ya zamani ni kukwangua kwa kijembe cha pete, ambacho mpasuaji hukiongoza kwa hisia ya mkono zaidi ya macho. Njia mpya hutumia kioo au kamera pamoja na kifaa cha umeme, cha mawimbi ya joto la chini, au cha kusaga na kufyonza. Hizi huacha mabaki machache na damu huwa ndogo, lakini ni ghali na hazipo kila mahali. Baina ya kifaa kipya kwa mkono mgeni na kijembe kwa mkono uliozoea watoto, ningechagua mkono uliozoea. Swali ninaloona lina uzito kuliko la kifaa ni hili: nani atatoa nusu kaputi, na je, huwashughulikia watoto wadogo mara kwa mara? Mtoto wa chini ya miaka 3, mwenye selimundu, mwenye ugonjwa wa moyo, mwenye ugonjwa wa Down (Down syndrome) au ambaye oksijeni yake hushuka sana afanyiwe hospitali yenye uangalizi wa usiku kucha, hata kama kliniki ya jirani ni nafuu.

Dawa ya maumivu iwe parasetamoli, na ibuprofeni kama mpasuaji ameruhusu. Kodeini hapana. Kuna watoto ambao miili yao huigeuza kwa kasi kuwa mofini, dawa kali inayoweza kupunguza pumzi, na baadhi walikufa usingizini baada ya upasuaji huuhuu. Mwaka 2017 mamlaka ya dawa ya Marekani ilisema isitumike kwa walio chini ya miaka 12. Soma karatasi ya dawa utakazopewa, pamoja na sirapu za kikohozi. Aspirini nayo iachwe, kwa sababu ya damu na kwa sababu haifai watoto.

Zisizostahili kuwekwa kwenye mizani

Kukata kimeo. Nalisema bila kuzunguka kwa sababu bado watoto wetu wanapelekwa, wengine wachanga kabisa, kwa kikohozi au mkoromo. Kimeo hakizibi pua. Nyama ziko juu na nyuma yake, na mkataji hazigusi wala hazioni. Anachoacha ni jeraha kooni kwa kifaa kisichojulikana kilikotoka: damu, pepopunda, maambukizi. Na baadaye mpasuaji wa kweli anakuwa amepoteza ile dalili ya kimeo kilichogawanyika ambayo ingemwonya.

Matone ya kuzibua pua, kama efedrini au zailometazolini, huzibua ndani ya dakika chache na ndiyo sababu yanapendwa. Yakizidi siku 5 hivi, pua huanza kuziba yenyewe kila yanapoisha nguvu, na mzazi anaongeza matone. Hayapunguzi nyama hata kidogo. Antibayotiki za kila mwezi nazo hazifungui njia ya hewa. Zina kazi pale kuna maambukizi ya bakteria yaliyoonwa na daktari, si kwa kila kamasi ya kijani.

Ningefanyaje

Kwa mtoto wa miaka 4 anayekoroma lakini pumzi haikatiki, anasikia na anakua: maji ya chumvi kila siku kwa wiki 6, jiko la mkaa na sigara vitoke karibu na anapolala, video mpya, kisha kurudi kliniki. Akiwa na aleji ningeweka dawa ya kupuliza tangu siku ya kwanza. Wiki 6 zikipita bila nafuu, hapo ndipo ningetafuta bingwa mwenye kamera.

Kwa mwenye miaka 5 ambaye amerudiwa na maji masikioni na usikivu umeshuka kwa zaidi ya miezi 3, ningeenda kwenye vibomba na nyama zitoke pamoja. Huyo yuko mlangoni mwa darasa la kwanza, na kila muhula asiosikia unamgharimu.

Kwa yule ambaye pumzi inakatika kila usiku, kifua kinabonyea, uzito hauongezeki, nisingepoteza miezi mitatu kwenye chupa za puani. Dawa atumie wakati anangoja tarehe, lakini tarehe ichukuliwe sasa. Na mtoto anayegeuka rangi midomo, anayeshindwa kuamshwa vizuri au anayehangaika kupumua hata akiwa macho, huyo ni wa dharura usiku huohuo.

Aliyepasuliwa arudi kuangaliwa, hata akionekana amepona. Kwa mtoto mdogo sana nyama zinaweza kuota tena, na kwa mwenye uzito mkubwa au aleji isiyotibiwa mkoromo unaweza kubaki ingawa nyama zimekwisha. Mkoromo wa wiki mbili za mwanzo ni uvimbe wa kidonda, usikutishe. Ukiendelea hadi mwezi wa pili au wa tatu, chukua simu, mpige video nyingine kuelekea alfajiri, umpelekee bingwa yuleyule.